GUGLIELMO MARCONI: KIJANA WA DARINI ALIYEPIGA KENGELE BILA WAYA



Wapendwa vijana, karibuni tena katika safu yetu ya maisha ya watu. Kwa kawaida huwa nawaletea mtakatifu. Leo nimekuja na mtu ambaye Kanisa halijamtangaza mtakatifu, na nikisema ukweli wangu, sitegemei kwamba litamtangaza. Ila simu uliyoshika hapo ina deni kwake, na maisha yake yananisumbua tangu nilipoanza kuyasoma.

Yote yalianza likizo iliyopita. Kijana mmoja wa VIWAWA, fundi umeme, aliniita nikaone kazi aliyoifanya parokiani. Tangi la maji liko juu kilimani, pampu iko chini bondeni, na katikati ni mashamba ya watu. Zamani mlinzi alikuwa anapanda kilima kuchungulia kama tangi limejaa. Akichelewa, maji yanamwagika usiku kucha na bili inakuja kwa Baba Paroko. Huyu fundi wetu akafunga kihisi ndani ya tangi, akakiunganisha na moduli ndogo ya redio, kitu cha ukubwa wa kidole gumba chenye antena fupi. Akafunga moduli nyingine kama hiyo kwenye pampu. Maji yakifika juu, moduli ya tangini inaamka, inatuma ujumbe mfupi sana hewani, kisha inalala tena ili isimalize betri. Ya bondeni inapokea, pampu inazima. Hakuna waya hata mmoja kati yao.

Halafu akanionyesha jambo lingine. Alibadilisha namba moja tu kwenye programu ya moduli ya bondeni, ile namba ya masafa. Papo hapo ikawa kiziwi. Moduli ya juu ilikuwa inaendelea kutuma kama kawaida, ila huku chini kimya. Alipoirudisha namba ile, zikasikilizana tena.

Nikamuuliza kama anajua nani alianzisha mambo haya. Akasema ni Marconi, walifundishwa chuoni. Kisha akanirudishia swali: Frateri, huyo Marconi alikuwa Mkatoliki? Jamani, nilikosa jibu. Nikamwambia nitasoma nimletee. Basi jibu lenyewe ndilo hili, na ni refu kuliko nilivyodhani.

Mtoto wa nyumba mbili

Guglielmo Marconi alizaliwa Bologna, Italia, tarehe 25 Aprili 1874. Baba yake, Giuseppe, alikuwa mwenye mashamba. Mama yake, Annie Jameson, alitoka Ireland, katika ukoo ule wa watengenezaji wa wiski. Mtoto alibatizwa Mkatoliki, lakini mama alikuwa Mwanglikana, na malezi ya dini aliyoyapata nyumbani yalikuwa zaidi ya upande wa mama. Kwa hiyo tangu mwanzo alikulia kati ya lugha mbili na madhehebu mawili.

Shuleni hakung'ara. Masomo mengi aliyapata kwa walimu wa nyumbani, na hakuwahi kuwa mwanafunzi rasmi wa chuo kikuu. Alichokuwa nacho ni mama aliyemwamini, na jirani mwema, Profesa Augusto Righi wa Chuo Kikuu cha Bologna, aliyemruhusu kuhudhuria mihadhara na kutumia maabara na vitabu.

Mwaka 1894 alifariki mwanafizikia Mjerumani Heinrich Hertz, yule aliyethibitisha kwamba mawimbi ya sumaku na umeme yanasafiri hewani. Marconi, akiwa na miaka 20, alisoma makala juu ya kazi za marehemu. Wanasayansi wengi waliyaona mawimbi yale kama jambo la kuvutia la maabara. Yeye akajiuliza swali la mtu wa mtaani: kama yanavuka chumba, kwa nini yasibebe ujumbe?

Nyumbani kwao, Villa Griffone kijijini Pontecchio, kulikuwa na chumba darini ambacho zamani kilifugiwa viwavi wa hariri. Akajifungia humo. Upande mmoja akaweka mtambo wa kutoa cheche. Upande wa pili akaweka kichupa cha kioo chenye unga wa metali. Mawimbi yakikifikia, chembe za ule unga zinashikana na kuruhusu umeme upite. Tabia hiyo ya unga wa chuma ilikuwa imechunguzwa mwaka 1890 na Mfaransa Édouard Branly, profesa wa Taasisi ya Kikatoliki ya Paris. Kwa hiyo kifaa alichotumia Marconi kusikia mawimbi kilipitia mikononi mwa mwalimu wa chuo chetu cha Kikatoliki. Mwaka 1899 Marconi alipotuma ujumbe wake wa kwanza kuvuka bahari kati ya Ufaransa na Uingereza, aliutuma kwa Branly kama heshima. Tukumbuke hilo, maana si kila mtu akipanda ngazi huikumbuka ile ya chini.

Desemba 1894 alimpandisha mama yake darini. Akabonyeza kitufe upande huu wa chumba, na kengele ikalia upande ule. Bila waya. Baba, ambaye inasimuliwa kwamba aliona kijana anapoteza muda, naye akaishia kutoa pesa za vifaa.

Mwaka 1895 alitoka nje, uwanjani. Aliinua waya mmoja juu angani na mwingine akaufukia ardhini, na umbali ukaongezeka ghafla. Kaka yake Alfonso alikwenda na kipokezi ng'ambo ya kilima, akiwa na bunduki mkononi: akisikia ishara, apige risasi hewani. Marconi akabonyeza. Baada ya kitambo, mlio wa bunduki ukasikika kutoka upande wa pili. Ilikuwa takriban kilomita tatu. Ukiangalia ile antena fupi kwenye moduli ya tangi letu, ujue ni mjukuu wa waya ule.

Kuchagua nani umsikie

Mapema mwaka 1896 Marconi na mama yake walihamia London, ambako ukoo wa mama ulikuwa na watu wanaofahamika. Mwezi Juni aliomba hataza yake ya kwanza, na mwaka 1897 kampuni yake ikaanzishwa. Alikuwa na miaka 23.

Tusidanganyane kwamba alikuwa peke yake. Oliver Lodge Uingereza, Popov Urusi, Tesla Marekani, Jagadish Chandra Bose India, wote walikuwa katika shamba hilohilo. Hata padre alikuwemo: Padre Roberto Landell de Moura wa Brazil, aliyepewa hataza tatu Marekani mwaka 1904. Kipaji cha Marconi kilikuwa kuviunganisha vipande vya wengine, kuvijaribu bila kuchoka, na kuvifanya vifanye kazi nje ya maabara.

Lakini kulikuwa na shida. Mitambo miwili ikirusha kwa pamoja, kila kipokezi kinasikia vyote, kama wanakwaya wanaoimba nyimbo tofauti kwa wakati mmoja. Mwaka 1900 Marconi aliomba hataza ya Uingereza namba 7777, inayojulikana mpaka leo kwa zile saba nne. Ilihusu kuteua masafa: mtambo wa kurushia na kipokezi vinalinganishwa ili visikilizane vyenyewe na kuwaacha wengine wapite. Ndicho unachofanya unapotafuta stesheni ya redio. Ndiyo ile namba aliyonichezea fundi wetu kule bondeni.

Kuteua masafa ni kuchagua nani umsikie. Na ukichagua mmoja, umewanyamazisha wengine. Naomba tulishike hili, kwa sababu tutalirudia.

Tarehe 12 Desemba 1901 alikuwa Newfoundland, juu ya kilima kiitwacho Signal Hill, kwenye upepo mkali wa baridi. Antena yake ilikuwa waya ulioshikiliwa na kishada, kile cha kurusha angani kama wafanyavyo watoto. Kutoka Poldhu, kusini magharibi mwa Uingereza, umbali wa kilomita zipatazo 3,500, watu wake walikuwa wanatuma herufi moja tu, S, yaani vitone vitatu. Marconi na msaidizi wake Kemp walisema wamevisikia. Wengi walitia shaka, na mpaka leo wapo wenye shaka, kwa kuwa hapakuwa na shahidi mwingine. Mwaka uliofuata alipanda meli Philadelphia akakamata ishara katikati ya bahari na kuziandika kwenye utepe wa karatasi, mbele ya mashahidi. Mwaka 1909 alipewa Tuzo ya Nobel ya Fizikia pamoja na Karl Ferdinand Braun. Mtu asiye na shahada, kumbukeni.

Biashara nayo ikawa na masafa yake. Kampuni ya Marconi ilikataza waendeshaji wake kuwasiliana na vituo vilivyotumia mitambo ya kampuni nyingine, labda iwe dharura. Meli mbili zinapishana baharini, zote zina redio, lakini hazisemezani kwa sababu ya jina la mtengenezaji! Ilibidi mkutano wa mataifa uliofanyika Berlin mwaka 1906 uweke sharti la vituo kupokeana. Leo moduli za kampuni tofauti zinaongea kwa sababu dunia ilikubaliana viwango vya pamoja, na somo hilo halikuja bure.

Usiku wa Titanic

Usiku wa tarehe 14 Aprili 1912 meli Titanic iligonga barafu. Waendeshaji wake wawili wa redio, Jack Phillips na Harold Bride, walikuwa waajiriwa wa kampuni ya Marconi. Wakaomba msaada hewani. Meli Carpathia ilisikia, ikaja, ikaokoa watu zaidi ya 700. Watu wapatao 1,500 walikufa, Phillips akiwa mmoja wao, baada ya kubaki kwenye mtambo wake karibu mpaka mwisho.

Ila kuna jambo ambalo kila nikilifikiria naishiwa maneno. Meli Californian ilikuwa karibu zaidi. Mapema usiku ule mwendeshaji wake, aliyekuwa peke yake, aliita Titanic kutoa habari kwamba wao wamesimama kwa sababu ya barafu. Phillips alikuwa amebanwa na salamu za abiria matajiri kwenda bara, akamwambia anyamaze, anamwingilia. Yule akazima kipokezi, akaenda kulala. Dakika chache baadaye Titanic ikagonga. Redio ilikuwepo, mawimbi yalifika, sikio ndilo lilikuwa limezimwa. Baadaye mataifa yalikubaliana meli za abiria ziwe na mtu wa kusikiliza saa zote 24.

Marconi alipokewa kama shujaa. Mwaka huohuo, mwezi Septemba, alipata ajali ya gari nchini Italia akapoteza jicho la kulia. Aliendelea na kazi kwa jicho moja.

Mtu aliyempa Papa kipaza sauti

Nyumbani hakukuwa na amani sawa na sifa za nje. Mwaka 1905 alimwoa Beatrice O'Brien. Walipata watoto wanne, wa kwanza akafariki akiwa mchanga. Marconi alikuwa mtu wa safari, maabara na meli, na ndoa ikavunjika. Waliachana kisheria mwaka 1924. Mwaka 1927 ndoa ile ilitamkwa na Kanisa kuwa batili, na mwaka huohuo akafunga ndoa Kanisani na Maria Cristina Bezzi-Scali wa Roma. Binti yao waliyemwita Elettra, jina la meli ya baba yake, alizaliwa mwaka 1930.

Meli hiyo Elettra ilikuwa maabara yake inayoelea. Tarehe 26 Machi 1930, ikiwa imetia nanga Genoa, Marconi alibonyeza swichi, na taa za ukumbi wa jiji la Sydney, Australia, zikawaka umbali wa zaidi ya kilomita 15,000. Kuwasha kitu cha mbali kwa ishara ya redio! Ndiyo pampu yetu ya parokia, miaka mingi kabla haijafungwa.

Tarehe 12 Februari 1931 alisimama Vatikano mbele ya kipaza sauti, akamkaribisha Papa Pius XI. Kwa mara ya kwanza sauti ya Papa ikasikika duniani kwa redio, kwa Kilatini. Kituo chenyewe Marconi ndiye aliyekisimamia na kukijenga kwa ombi la Papa, na uendeshaji wakakabidhiwa Wayesuiti. Leo ukisikiliza idhaa ya Kiswahili ya Radio Vatikano, unasikiliza tawi la mti ule. Mwaka 1933 aliongeza mawasiliano ya redio kati ya Vatikano na Castel Gandolfo, kwa mawimbi mafupi ya zaidi kidogo ya nusu mita. Mawimbi hayo ni jamaa wa karibu wa yale yanayotumiwa na moduli zetu ndogo za leo.

Ningependa kuishia hapa. Tungepiga makofi, tukasema Amina. Lakini nilimwahidi yule fundi ukweli.

Masafa aliyoyachagua

Mwaka 1923 Marconi alijiunga na chama cha Kifashisti cha Mussolini. Hakuwa mwanachama wa jina tu. Mussolini alimfanya rais wa Baraza la Taifa la Utafiti, na mwaka 1930 rais wa Chuo cha Kifalme cha Italia, cheo kilichomwingiza katika Baraza Kuu la Kifashisti. Hati zilizokuja kujulikana miaka mingi baada ya kifo chake zinaonyesha kwamba katika orodha za wasomi waliopendekezwa kuingia katika chuo hicho, aliweka alama kwenye majina ya Wayahudi ili wasipite. Hii ilikuwa kabla ya sheria za ubaguzi za mwaka 1938.

Oktoba 1935 Italia iliivamia Ethiopia. Hapo ni kwetu Afrika, ndugu zangu. Ndege za Italia zilimwaga gesi ya sumu juu ya watu. Marconi alisafiri nchi za nje kuitetea vita ile. Alitaka kuitetea pia Uingereza, lakini BBC, shirika ambalo kampuni yake ilikuwa miongoni mwa waanzilishi wake mwaka 1922, lilimkatalia kipaza sauti.

Mtu huyu alisikia vitone vitatu kutoka ng'ambo ya Atlantiki, katikati ya upepo na ngurumo. Kilio cha Ethiopia hakukisikia. Si kwamba hakikufika. Habari zilikuwepo, magazeti yaliandika, Mfalme wa Ethiopia mwenyewe alikwenda kulalamika Geneva mwaka 1936. Marconi alikuwa ameshachagua masafa yake, na ukishachagua, mengine yanapita tu.

Niliposoma falsafa tulifundishwa kwamba kipaji ni kitu kimoja na fadhila ni kitu kingine. Mtihani niliufaulu. Kwa Marconi ndipo nilipoelewa. Mungu alimpa sikio la ajabu, na sikio lile liliokoa mamia ya watu baharini na kumfikisha Papa kwa waamini wa mbali. Halikumzuia kuwa kiziwi kwa jirani aliyekuwa anateswa na watu wake mwenyewe.

Alifariki Roma tarehe 20 Julai 1937 kwa ugonjwa wa moyo, akiwa na miaka 63. Ilikuwa siku ya kuzaliwa ya binti yake Elettra, aliyetimiza miaka saba. Vituo vya redio Uingereza vilinyamaza kwa dakika mbili. Anga ikarudi kama ilivyokuwa kabla yake. Amezikwa Villa Griffone, pale palipolia kengele ya kwanza.

Sasa sisi

Nilimrudia yule fundi na jibu. Nikamwambia ndiyo, alibatizwa, akafunga ndoa Kanisani, akamjengea Papa redio. Nikamweleza na Ethiopia. Alinyamaza kidogo, akashika ile moduli mkononi, akaniuliza kama basi aiondoe kwenye tangi. Nikacheka, nikamwambia aiache, mlinzi alale usingizi. Kazi njema ya mtu mwenye dhambi bado ni njema, na maji bado ni maji. Ila mimi na yeye tukakubaliana kuombeana juu ya masikio yetu.

Wiki hii, kabla ya kulala, jiulize mambo mawili. Kwanza, leo nimemsikiliza nani tangu asubuhi? Hesabu kweli, ukianzia na simu. Pili, nani aliniita nikamwambia anyamaze kwa sababu nilikuwa nimebanwa? Huenda ni mama. Huenda ni rafiki aliyetuma ujumbe saa tano usiku na wewe ukaona ukaupita. Huenda alikuwa na habari ya barafu.

Tusali: Ee Bwana, uliyefungua masikio ya kiziwi, fungua na yangu. Nisiwe hodari wa kusikia ya mbali nikawa kiziwi wa mlangoni. Uwarehemu waliotuachia vipaji vyao, pamoja na Guglielmo mtumishi wako, na uwapumzishe wote waliolia bila kusikika. Amina.

Tuombeane, vijana. Tukutane juma lijalo.